Joka Halikuvunjika: Kutetea Istilahi ya Pindi la Joka

Orodha ya istilahi za michezo ya kompyuta na hadithi za kubuni inayopita mikononi mwa wafasiri wetu siku hizi ina kosa ambalo siwezi kulinyamazia. Wanaoijua dunia ya Tamriel, ile ya michezo ya The Elder Scrolls iliyotungwa na Bethesda Softworks ya Marekani, wanalifahamu tukio ambalo kwa Kiingereza huitwa Dragon Break. Waandaaji wa orodha wameliita "Mvunjiko wa Joka". Wameliandika bila maelezo yoyote, kana kwamba hapakuwa na pendekezo jingine mezani. Lilikuwapo. Nililipeleka mimi, kwa maandishi, pamoja na hoja zake, na jibu nililorudishiwa lilikuwa na sentensi mbili: kwamba neno langu ni la kishairi mno, na kwamba kamati imeshafunga kikao. Madhali kikao kimefungwa, hoja zangu nazileta kwa wasomaji.

Istilahi ninayoitetea ni Pindi la Joka.

Sitapoteza nafasi kueleza jambo lenyewe kwa urefu. Aliyecheza Morrowind, mmojawapo wa michezo hiyo, akafungua vitabu vilivyomo rafuni analielewa. Nitakumbusha nguzo moja tu inayobeba hoja yangu. Katika Tamriel wakati ni mungu, na mungu huyo ni joka. Watu wa Dola humwita Akatosh, Elfi humwita Auri-El, Khajiit humwita Alkosh. Akikaa sawa, jana hutangulia leo na leo hutangulia kesho. Asipokaa sawa, mambo yanayopingana hutokea yote, na yote huwa kweli. Hakuna moja lililo kweli na mengine yakawa uzushi. Ni yote. Neno la Kiswahili lisiloweza kubeba hiyo "yote" halifai, hata likipitishwa na kamati kumi.

Tulipime basi neno lililopitishwa. Kuvunja ni kitenzi cha Kibantu, kikongwe, na sina ugomvi nacho kinapokuwa mahali pake. Tunavunja nazi. Tunavunja ukuta. Mwiko huvunjwa, mkataba huvunjwa, ndoa huvunjika. Rais huvunja Bunge. Binti huvunja ungo, na unapokaribia mwezi wa Ramadhani watu wa pwani huvunja jungu. Yapange matumizi haya yote, uyatazame kwa makini, na utakuta mna jambo moja linalojirudia: kilichovunjwa kimekoma kuwa kile kilichokuwa. Bunge lililovunjwa halipitishi sheria. Nazi iliyovunjwa haitikisiki maji tena. Aliyevunja ungo harudi utotoni. Hata kuvunja jungu, pamoja na shangwe zake, ni kufunga hesabu ya kula mchana. Mzizi huu umebeba ukomo ndani yake, na mzungumzaji wa Kiswahili husikia ukomo huo hata asipoutafuta.

Je, wakati ulikoma Tamriel? Haukukoma. Pindi kubwa kuliko yote linalotajwa katika historia ya dunia ile, liitwalo Alfajiri ya Kati, lililetwa na watawa wa Marukhati walipotaka kumvua Akatosh kila kilicho cha Kielfi ndani yake. Inasimuliwa kwamba lilidumu miaka 1,008. Kilichokoma hakidumu miaka elfu moja na minane. Tena watu walikuwamo ndani yake, wakaona, wakaja kutoa ushahidi. Ushahidi huo umekusanywa katika kitabu kimoja kinachosomwa ndani ya Morrowind, na haupatani: kila taifa lina masimulizi yake, na hakuna wa kumwambia mwenzake kuwa ni mwongo. Mtu akisoma "Mvunjiko wa Joka" atatarajia vipande, vumbi na kimya. Atakachokikuta ni wingi: historia nyingi zimelala ubavu kwa ubavu ndani ya miaka ile ile.

Mtetezi mmoja wa mvunjiko, ambaye kwa heshima simtaji, alinijibu kwamba hata mfupa huvunjika kisha ukaunga, na kwamba wakati wa Tamriel nao uliunga. Hoja hiyo ina sura nzuri, lakini haina miguu. Mfupa wa mkono ukivunjika na ukaunga, unabaki na mkono mmoja. Pengine umepinda kidogo, lakini ni mmoja. Katika Tamriel mikono mitatu iliota kwenye bega moja na yote ikashika. Kuvunjika na kuunga hakuzai wingi. Kunarudisha umoja uliokuwapo. Nilimwandikia haya. Hajajibu, na neno lake limo kwenye orodha.

Liko pia suala la umbo. Mvunjiko umejengwa juu ya vunjika, kauli ya kutendeka, ambayo kazi yake ni kueleza hali iliyokifikia kitu bila kumtaja aliyekifikishia. Kikombe kimevunjika: nani kakivunja? Sentensi haisemi. Sasa chukua watawa wa Marukhati, waliokusudia, wakapanga, wakatenda. Chukua Numidium, jitu la shaba lililoundwa na Wadwemer na baadaye likatumiwa na Tiber Septim kutiisha mataifa, jitu ambalo kila linapoamshwa wakati hauwi tena kama ulivyokuwa. Yupo mtenda, ipo nia, ipo lawama. Istilahi inayofuta mtenda inafuta nusu ya kisa. Kitenzi cha istilahi yangu kinatoa kauli zote bila taabu: Joka lilipinda, Joka lilipindwa, Joka lilijipinda, Marukhati walilipinda. Mwandishi anachagua anayotaka kulingana na upande anaouamini.

Kabla sijaingia kwenye pinda, nimalizane na mapendekezo mengine mawili, kwa kuwa nayo yalipata watetezi. La kwanza ni "Mapumziko ya Joka". Aliyelileta alifungua kamusi, akakuta neno la Kiingereza lina pia maana ya kupumzika, kama wanafunzi wanavyotoka saa nne kwenda kunywa uji, akaridhika. Joka la wakati halikwenda kunywa uji. Ningelipita bila neno kama lisingepata kura. La pili ni "Mtafaruku wa Dahari". Hili nalipa heshima yake, kwa sababu dahari ni neno lenye uzito na lina historia ndefu katika tungo zetu. Sina chuki na maneno yaliyotoka Kiarabu. Ukiyaondoa, Mswahili hana wakati, hana muda, hana saa, hana zama wala karne. Lakini mtafaruku wa dahari umelitupa joka nje. Umebaki na wakati usio na mwili, ilhali fumbo lote la Tamriel ni kwamba wakati una mwili, una magamba, na unaweza kushikwa mkia.

Hapo pia ndipo ninapolikataa "dragoni". Wapo wanaosema joka letu ni nyoka mkubwa tu, halina mabawa, halitemi moto, kwa hiyo tuazime. Joka ni ukubwa wa nyoka, hilo ni kweli, na limejengwa kwa kanuni ile ile ambayo mtu huwa jitu. Lakini wafasiri wa Biblia walipofika sura ya 12 ya Ufunuo walimkuta mnyama mwenye vichwa saba na pembe kumi, wakamwita joka, na vizazi vya wasomaji vikamwelewa bila kuuliza mabawa yako wapi. Neno lililoweza kubeba vichwa saba halishindwi na mabawa mawili. Na kwa istilahi hii hasa, unyoka uliomo ndani ya joka ni mtaji. Dragoni ni mgeni asiye na umbo katika masikio yetu. Joka lina uti wa mgongo unaopinda.

Sasa tufike kwenye pinda, mzizi uliozaa ukoo mkubwa kuliko wengi wanavyodhani. Kutoka humo tuna upinde wa kurushia mishale na upinde wa mvua. Tuna pindo, lile linaloizunguka kanga pande zote nne na kuufunga mji wake. Tuna kupinda nguo mshono wake usifumuke, na kupindisha maneno kunakofanywa na mashahidi wabaya. Ongeza -ua na unapata pindua, yaani kugeuza chini kuwa juu. Kutoka hapo tukapata mapinduzi, neno ambalo tangu Januari 1964 hakuna Mzanzibari asiyejua uzito wake. Tuna pinduka na pindukia, kuvuka mpaka uliowekwa. Katika ukoo huu wote kitu hakikomi. Upinde uliopinda bado ni mti ule ule, tena umepata nguvu kwa kupindwa. Pindo la kanga bado ni kanga. Kinachobadilika ni uelekeo: kilichokuwa kinakwenda mbele sasa kinarudi kujitazama.

Na katika ukoo huo huo, bila kuazima popote, Kiswahili kimechota jina la wakati. Kipindi ni kipande cha wakati, cha redio, cha masomo, cha mvua za masika. Pindi ni wakati jambo linapotokea: pindi mvua inyeshapo, pindi utakapofika. Wahenga wetu walipotaka kuuita wakati kwa neno lililozaliwa nyumbani, waliuona kama kitu kinachokunjwa, kila kunjo likiwa na mwanzo na mwisho wake. Kisha neno hilo hilo pindi, safari hii likiwa na wingi wake mapindi, ni kunjo la kitu kirefu kinachoweza kujikunja. Tunasema mapindi ya nyoka.

Simama hapo usome tena: pindi ni wakati, na pindi ni kunjo la nyoka. Lugha moja, sauti moja, silabi mbili. Waliobuni Tamriel walihitaji dini nzima, miungu wanane na kisha tisa, na rafu za vitabu vya kubuni ili kumfanya msomaji akubali kwamba wakati ni joka. Sisi tunalo tayari kwenye ulimi. Kisha kamati inaketi na kuchagua mvunjiko! Sioni lugha nyingine ambayo ingepata zawadi kama hii ikaiacha mlangoni.

Tazama jinsi picha inavyokaa. Nyoka aliyenyooka kichwa chake kiko mbali na mkia, na mdudu anayetembea juu yake hana budi kupita tumboni ili afike. Huo ndio wakati wa kawaida. Nyoka akijikunja mapindi mapindi, kichwa hulala juu ya mkia, na sehemu za mwili ambazo hazikuwahi kukutana hugusana. Mdudu anaweza kutoka mwisho kwenda mwanzo kwa hatua moja. Nyoka hajapungua hata gamba. Hivyo ndivyo matukio yanayopingana yanavyoweza kuwa kweli yote, na hivyo ndivyo yanavyobaki baada ya Joka kunyooka tena. Sikio la Mswahili litapenda pia kwamba nyoka na nyooka zinaitana kwa sauti.

Istilahi hupimwa kwa kazi, basi niipime hii kwa visa vitatu.

Kisa cha kwanza ni kile cha Daggerfall, mchezo wa mwaka 1996. Mwishoni mwake mchezaji huchagua nani akabidhiwe uwezo wa kuliamrisha Numidium, na kila uchaguzi una matokeo yake. Mfululizo ulipoendelea waandishi walitakiwa waseme lipi lilitokea. Hawakuchagua. Walisema yote yalitokea, mwaka wa 417 wa Enzi ya Tatu, na asubuhi yake falme ndogo nyingi za Ghuba ya Iliac zikawa zimebaki nne: Daggerfall, Sentinel, Wayrest na Orsinium ya Waorki. Mannimarco, mchawi wa wafu, akawa mungu, na papo hapo Gortworg, mfalme wa Waorki, akapata taifa lake. Kiingereza hulitaja tukio hili kwa neno warp, linaloeleza ubao uliopinda kwa unyevu, ambao seremala yeyote wa Keko jijini Dar es Salaam anaujua kwa kuutazama ncha tu. Katika orodha yetu limeitwa "Mtande wa Magharibi". Mtande! Yaani nyuzi za mfumaji zinazotandazwa kwa urefu. Mtu aliona maana ya kwanza katika kamusi, akafunga kamusi. Kwa mzizi ninaoutetea tukio hilo linajiita lenyewe: Mpindo wa Magharibi. Na kwa kuwa mpindo na pindi ni ndugu wa tumbo moja, msomaji anatambua papo hapo kwamba Mpindo wa Magharibi ni mojawapo ya Mapindi ya Joka. Mvunjiko na mtande havina hata ujirani.

Kisa cha pili ni cha wanaokanusha. Ndani ya Tamriel yupo mwanachuoni aitwaye Fal Droon, anayedai kwamba ile miaka 1,008 haikuwahi kuwapo, kwamba yote ni makosa ya wanahistoria katika hesabu za tarehe. Istilahi bora humpa nafasi hata mpinzani aseme lake kwa ufasaha. Kwa Kiswahili changu Fal Droon anasema: hakukuwa na pindi lolote, kilichopinda ni hesabu zenu. Ajaribu mwenye mvunjiko kumwandikia mtu huyu sentensi yenye makali hayo.

Kisa cha tatu ni cha Skyrim, mchezo wa mwaka 2011, na hapa nataka nionekane mwadilifu, maana nimetuhumiwa kwamba natafuta kulibandika neno langu kila mahali. Juu ya kilele cha mlima ambako joka mzee Paarthurnax anakaa kuna mahali ambapo Wanodi wa kale walitumia Gombo la Kale kumtupa joka Alduin mbele, nje ya zama zao. Kwa lugha ya majoka mahali hapo panaitwa Tiid-Ahraan, na hilo ni jeraha la wakati. Hapo sisemi pindi. Hapo wakati ulichanwa, ukaachiwa alama ambayo mtu anaweza kuiendea kwa miguu na kusimama mbele yake. Istilahi yake ni Jeraha la Wakati, na naiunga mkono kwa moyo wote ingawa imo katika orodha ile ile ninayoilaumu. Kosa la kamati ni kwamba, kwa kuliita pindi mvunjiko, imezifanya habari mbili tofauti zisikike kama moja. Kilichovunjika na kilichojeruhiwa vyote vimeharibika. Msomaji atajuaje kwamba hapa Joka lina kidonda na kule halikupoteza tone la damu?

Yamebaki mapingamizi. Limesemwa la kwamba pindi kwa wanafunzi wa vyuo ni kipindi cha darasani, na kijana akisikia Pindi la Joka atauliza ni somo la mhadhiri gani. Kijana huyo huyo husikia "kipindi cha hedhi" na "kipindi cha Bunge" asichanganyikiwe, kwa sababu neno la pili humwongoza. Limesemwa pia kwamba ukoo wa pinda umetuletea kipindupindu, na kwamba haifai kulikaribisha jina la maradhi. Maradhi yale yaliitwa hivyo kwa jinsi yanavyompinda na kumpindua mgonjwa. Ni ushahidi wa nguvu za mzizi, na hakuna aliyekataa kusema mapinduzi kwa kuogopa kuhara. La tatu ni lile la kwamba neno ni la kishairi mno. Hilo sikulijibu wakati ule, nalijibu sasa. Istilahi hii ni ya dunia ya kubuni, iliyoandikwa na watunzi, juu ya mungu ambaye ni joka. Ikiwa ushairi hauruhusiwi hapo, kamati ituonyeshe unaruhusiwa wapi.

Kuhusu matumizi: andika Pindi la Joka kwa herufi kubwa, wingi wake Mapindi ya Joka, Joka likitajwa kama wakati lichukue li-, Akatosh akitajwa kama mungu achukue a-, kuanza kwa tukio ni kujipinda, kwisha kwake ni kunyooka.

Michezo hii haina toleo la Kiswahili, na vijana wanaoicheza Dar es Salaam, Mombasa na Nairobi wanajisimulia visa vyake kwa Kiswahili kilichochanganywa kwa sababu hatujawapa maneno. Kila mwezi ambao mvunjiko unabaki kwenye orodha bila kupingwa ni mwezi ambao unaota mizizi, na baada ya muda hoja itakuwa moja tu, kwamba watu wameshazoea. Mazoea si hoja ya lugha. Kwa hiyo nataka waandaaji wafanye mambo mawili ambayo hayahitaji fedha wala kikao kirefu. Kwanza, waandike hadharani kwa nini walichagua mvunjiko, wakitumia visa vya Tamriel vyenyewe na si kamusi ya Kiingereza. Pili, waliandike pindi kando yake kama pendekezo lililokataliwa, ili wafasiri waone yote mawili na wachague. Mimi nitaendelea kuandika Pindi la Joka katika kila tafsiri itakayopita mkononi mwangu, na mhariri atakayelibadilisha bila kuniuliza nitamtaka alitoe jina langu kwenye kazi hiyo.